Miaka Yangu ya Kuchekesha Waingereza

Wanangu, mmeniomba nikuandikieni habari za kazi yangu, na Ruqaya, mjukuu wa marehemu kaka yangu, ndiye aliyenisisitiza zaidi. "Bibi, andika vitu vitamu," kaniambia. "Mapambo, taa, makofi." Nimekaa na kalamu siku tatu hapa barazani Ibra, Oman, nikivitafuta hivyo vitamu. Vipo, nitavisema. Lakini kila nikikishika kimoja naiona hasira imekaa ubavuni mwake inaningoja, na mie sasa nina miaka sabini na tano, sina sababu tena ya kuipita kama sikuiona. Anayetaka vitamu peke yake asome habari ya ng'ombe kisha aende zake.

Kazi yangu ilikuwa kuigiza jukwaani, mbele ya watu waliokata tiketi na kuvua makoti yao. Niliondoka Unguja na mama yangu nikiwa na miaka kumi na nne, tukaishia Uingereza, katika mji wa bandari wenye baridi ya kuingia mifupani. Nilipofika ishirini na moja nikachukuliwa na kikundi cha waigizaji, na kazi hiyo sikuiacha mpaka nywele zimekuwa nyeupe. Kazi kubwa ilikuwa majira ya baridi, katika mchezo ambao Waingereza wanauita pantomaimu. Msidhani ni ule wa kuigiza kimyakimya kwa mikono. Huu ni wa makelele. Ni hadithi ya watoto yenye nyimbo. Ndani yake mna mwanamume mzima aliyevaa gauni akawa bibi kizee, na mna mwovu anayezomewa kila akitokeza pua. Watoto ukumbini wanapiga kelele kumwonya mtu mwema: "Yuko nyuma yako!" Mara mbili kwa siku, Jumamosi mara tatu, wiki saba mfululizo. Una homa, unapanda. Umefiwa, unapanda.

Nilianzia kwenye miguu ya nyuma ya ng'ombe. Ndiyo, msicheke. Ng'ombe wa jukwaani ni watu wawili ndani ya ngozi moja ya kitambaa. Wa mbele ana kichwa, anaona njia, anapepesa macho kwa kamba. Wa nyuma ameinama, kamshika mwenziwe kiuno, haoni kitu ila visigino vya mwenziwe. Siku yangu ya tatu, Peggy aliyekuwa mbele alikwenda kushoto kama tulivyofundishwa, na mie nikenda kulia kwa sababu nilikuwa nafikiria chakula. Mshono ukachanika katikati. Nusu ya ng'ombe ikatoka upande mmoja na nusu upande wa pili, na watoto mia nane wakapiga ukelele mmoja. Nilisimama pale na mkia mkononi. Mwongozaji alinitukana mpaka akakauka koo.

Aliyeniokoa alikuwa Bwana Arthur. Huyu ndiye aliyekuwa akivaa gauni na kuwa bibi kizee, na alikuwa keshaifanya kazi hiyo miaka thelathini. Akaniita chumbani kwake, kavaa sidiria ya pamba na soksi za mistari, akaniambia, "Binti, miguu ya nyuma haifuati. Miguu ya nyuma inahesabu." Akanifundisha kuhesabu hatua kwa pumzi. Toka siku hiyo sikuwahi kupotea jukwaani, hata taa zizime.

Alinifundisha mengi, na haya nakupeni bure. Sauti haitoki kooni, inatoka chini ya kitovu. Mtazame mtu aliyekaa safu ya mwisho kabisa, yule aliyelipa kidogo, useme naye yeye. Watu wakicheka, usiseme juu ya kicheko, maneno yako yatazama. Wala usingoje kicheko kife, kwani ukumbi utapoa. Ngoja kianze kushuka, ndipo utie neno. Ukisahau maneno, usisimame ukitumbua macho. Fanya kazi: fagia, kunja nguo, funga kiatu, na maneno yatakurudia. Ukitakiwa kubadilisha nguo haraka, vaa ya pili ndani ya ya kwanza, na vifungo uvikate vyote utie utepe wa kunata. Nimewahi kuingia gizani mtumishi nikatoka malkia kabla mpiga ngoma hajamaliza kupiga.

Bwana Arthur nilimpenda kama baba. Ndiyo maana hasira yangu juu yake haikupata kuisha.

Mwaka wa nne walinitoa kwenye ng'ombe. Mchezo wa mwaka huo ulikuwa wa nchi ya Waarabu ya kubuni, yenye sultani mnene na majini na mitende ya karatasi, na mie nikapewa nafasi ya mjakazi wa sultani. Nikafurahi! Nina uso sasa, nina maneno. Siku ya kwanza ya mazoezi nikayasema yale maneno kama ninavyosema siku zote. Mwongozaji akanizuia.

"Hapana, hapana. Sema kama kwenu."

"Kwetu ndiyo hivi," nikamwambia.

"Sema ile ya kuchekesha," akasema. "Unajua. Ile."

Nilijua. Na hapa nakuombeni msiruke mstari. Nilijua anachotaka, na nikampa. Nikavunja maneno vipande vipande, nikatia "bismillahi" pasipo mahali pake, nikatembea nimebenua makalio. Kila sultani akipiga makofi, naanguka kifudifudi, paji la uso chini, makalio juu, nabwabwaja maneno yasiyokuwa Kiarabu wala Kiswahili wala chochote. Ukumbi ulikuwa ukivunjika kwa vicheko. Nilikifanya kitu kile majira mawili ya baridi. Nilikuwa nahesabu vicheko kila siku nikajiona fundi.

Mwaka wa pili wa ujakazi huo mama yangu akasema anataka kuja kuniona. Alikuwa hajaingia jumba la michezo maisha yake. Akasafiri kwa basi saa nne nzima, na kopo la mkate wa kumimina, kavaa koti kubwa juu ya kanga zake mbili, akakaa safu ya tatu. Nilimwona toka nyuma ya pazia. Akilini mwangu nikasema, leo nitamchekesha Mama.

Mchezo ulipomalizika akaletwa chumbani kwetu. Akamgaia kila mtu mkate wake. Bwana Arthur, bado kavaa gauni, alikula vipande vitatu akamsifu. Mama akashukuru kwa Kiingereza chake kidogo, kisha akanigeukia akaniuliza kwa Kiswahili, kwa sauti ya kawaida kabisa, kama anauliza bei ya ndizi:

"Pale ulipoinama vile, ulikuwa wasali?"

"La, Mama. Mchezo tu."

"Basi wale watoto walikuwa wakicheka nini?"

Angenipiga kofi ingekuwa nafuu. Akafunga kopo lake, akavaa glavu, nikamsindikiza kituoni, na njia nzima tukasema habari za nauli na baridi.

Siku ya pili yake, kabla ya mchezo wa mchana, nilimwendea mwongozaji mbele ya kila mtu. Nikamwambia maneno nitayasema yote, lakini kwa sauti yangu, na kusujudu sisujudu tena. Hakukasirika, na hilo ndilo lililoniudhi zaidi. Alicheka.

"Watu wamelipa kuja kucheka, mpenzi."

"Nitawachekesha kwa njia nyingine. Naweza. Muulize Arthur."

Bwana Arthur alikuwa amekaa mbele ya kioo, anajichora nyusi. Mkono wake ulisita kidogo tu. Nikamtazama ndani ya kioo, na yeye akanitazama ndani ya kioo. Kisha akaendelea kuchora unyusi wa kushoto, polepole, vizuri, kama siku zote.

Mchana ule ule mjakazi alikuwa msichana mwengine, kapakwa rangi ya kahawia usoni. Mie nilitolewa mlangoni na begi langu. Baridi yote iliyobaki niliuza glavu dukani, na mikono ya watu niliowauzia ilikuwa ikinipigia makofi wiki moja kabla.

Mtaniuliza kama nilirudi. Nilirudi, nilikuwa siwezi kazi nyengine. Mji mwengine, kikundi chengine, nikaanza tena kwenye miguu ya nyuma ya ng'ombe, na safari hii sikwenda kulia. Kidogo kidogo nikapanda. Na nilipokaribia miaka arubaini nikakipata kiti changu hasa: nikawa mwovu. Mchawi, malkia mwenye wivu, mama wa kambo, shangazi mwizi. Nilizomewa miaka kumi na tisa! Watoto walinirushia peremende. Mmoja alipanda jukwaani akanipiga teke la ugoko kwa sababu nimemfungia binti mfalme ndani ya kabati. Nikirudi nyumbani nakula vizuri na nalala fofofo.

Fikirini kwa nini. Yule mjakazi alichekwa nikaugua, huyu mwovu anazomewa naye ananenepa. Nimelifikiria jambo hili miaka mingi, na nililolipata ni hili. Yule mwovu alikuwa na jina. Alikuwa anataka kitu, anakipangia njia, akikikosa anaumia. Watoto walikuwa wakimzomea kwa alilolifanya. Mjakazi hakuwa anataka chochote. Hakufanya chochote. Alichekwa kwa kuwapo. Mkipewa mtu wa kuigiza, kabla hamjafikiria nguo wala sauti, ulizeni: huyu anataka nini leo? Kama hakuna jibu, mwandishi hajafanya kazi yake, na nyinyi mtatumiwa.

Bwana Arthur alikuja kuniona mara moja, keshazeeka, na fimbo. Akanijia chumbani baada ya mchezo. Akanisifu, akasifu nilivyongoja vicheko vishuke. Kisha akasema, "Siku ile ningesema neno."

"Ungesema," nikamjibu.

"Wangenifukuza."

"Mie walinifukuza."

Nikampa mkono. Nikamtafutia teksi, nikamsaidia kupanda. Samahani hakuiomba, na mie sikumpa. Amekwisha kufa, Mungu amrehemu, na mpaka leo nikimkumbuka namwona na ile penseli ya nyusi. Msiniambie nisamehe nipumzike. Nimepumzika vizuri nikiwa sijasamehe.

Nilistaafu nikaja hapa Ibra, nyumbani kwa watoto wa kaka yangu, na nilidhani nimeiacha hasira uwanja wa ndege kule. Sasa nifike kwenu nyinyi, kwani wengine mlikuwapo na wengine mmesikia nusu nusu.

Ruqaya na wenziwe saba wa chuoni walitunga mchezo wa kwenda kuonyesha Nizwa. Wakaniomba nije kuwatazama wakifanya mazoezi kwenye ukumbi wa akina mama, baada ya alasiri. Nikavaa vizuri. Nikamchukua na Mwanaisha. Mwanaisha ni mtu wa Tanga, anafanya kazi nyumbani kwetu mwaka wa sita huu, na Ijumaa ndiyo siku yake ya kumpigia simu mwanawe kule kwao. Kapika kahawa na kachukua halwa kwa ajili ya wasichana. Mchezo ulikuwa juu ya harusi: mama wa bibi harusi anataka makubwa, bibi harusi hataki. Mzuri. Una maneno makali. Nilikuwa natikisa kichwa kwa furaha.

Kisha akaingia Ruqaya. Katia mto nyuma ya nguo, kafunga kitambaa kichwani upandeupande, kashika ufagio. Anasema Kiarabu kilichovunjika, "mimi hapana jua, mama, mimi hapana jua," anaangusha sinia, anapigwa kibao cha kichwa, anaangusha tena. Kwenye karatasi zao hakuwa na jina. Ameandikwa "Shaghala", mtumishi, basi. Wasichana walikuwa wakicheka mpaka wanashikana.

Nikageuka. Mwanaisha alikuwa mlangoni na birika mkononi. Alikuwa anacheka na yeye. Kicheko kidogo cha midomo, kinachoangalia wengine kwanza.

"Khalas!" nikapiga kelele. Ile sauti ya chini ya kitovu. Hata mlinzi wa nje alikuja kuchungulia. "Simameni hapo hapo!"

"Bibi, kuna nini?" Ruqaya kashtuka, mto umemshuka mpaka magotini.

"Nani kaandika huyu mtu?"

"Ni mzaha tu, Bibi. Lazima pawe na wa kuchekesha. Hata Mwanaisha anacheka!"

"Mwanaisha anacheka kwa sababu anakaa nyumbani kwenu!"

Nikawaambia yote: mwongozaji, kubenua makalio, paji la uso chini. Nilisema kwa ukali, na mengine yalinitoka yasiyostahili kusemwa kwa watoto. Nikawaambia bibi zao walipokuja Oman kutoka Unguja nao walichekwa kwa Kiarabu chao, kwa kula kwao, kwa kanga zao, na wao leo wamekiokota kicheko kile kile wanamtupia mwengine. Ruqaya akalia. Kisha akaniinulia uso, na huyu ni damu yangu kweli, akasema:

"Lakini wewe ulifanya, Bibi. Majira mawili. Ulipiga hesabu vicheko. Mie nimefanya wiki mbili tu."

"Ndiyo," nikamwambia. "Na sikupata mtu wa kunipigia kelele mapema."

Nikatoka. Niliona nimefanya jambo kubwa. Nilikuwa na hasira na nilikuwa na haki, na vitu viwili hivyo vikikutana mtu anajiona mrefu.

Siku ya mchezo tulikwenda Nizwa kwa gari mbili. Ukumbi umejaa, wazazi wengine wamekuja toka mji wa Bahla. Mwanaisha nilimkalisha karibu yangu. Alikuwa kavaa baibui lake jipya, kajitia udi. Mchezo ukaanza, ukaendelea, mama akagomba, bibi harusi akagoma. Nikawa nangoja kumwona Ruqaya ataingiaje sasa. Hakuingia. Chai iliyotakiwa kuletwa na mtumishi ilikuwa tayari mezani. Mama wa bibi harusi akajimiminia. Nyumba ile kubwa, ya watu wazito, haina mtumishi hata mmoja, sakafu inajifagia. Watu wakapiga makofi mengi, na mie nikapiga.

Tulipokuwa njiani kurudi, karibu na Izki, Mwanaisha akauliza kutoka kiti cha nyuma, "Na yule dada wa kazi yuko wapi?"

"Tumemtoa," Ruqaya akasema, kwa raha, ananitazama nimsifu. "Bibi alikasirika, basi tukamtoa kabisa."

Mwanaisha akasema, "Nilidhani mtamtengeneza."

Akalinyoosha baibui lake jipya magotini.

"Nilivaa kwa ajili hiyo," akasema. "Nikajua leo nitamwona mtu kama mimi anaongea vizuri mbele ya watu. Miaka sita naleta chai kwenye kila harusi yenu. Mmefanya mchezo wa harusi, mimi simo. Na Bibi siku ile alipiga kelele, alieleza yote ya Uingereza, akatoka. Mimi nilikuwa mlangoni na birika. Hakuniuliza kitu."

Hakupandisha sauti. Hakuvunja neno hata moja. Nilitazama milima dirishani. Mie, niliyekaa miaka hamsini nikimlaumu mtu kwa kunitazama ndani ya kioo, nilikuwa nimemgeuzia mgongo mwenzangu nikidhani ninampigania. Nilimkasirikia mwongozaji aliyekufa, nikawakasirikia watoto, na mwenye jambo lake nikampita na birika lake mkononi.

Nikasema, "Mwanaisha, nimekosa." Yeye akasema, "Haya, Bibi," kwa namna ambayo si kusamehe. Namjua mtu wa hivyo. Sikumsukuma.

Kwa hiyo hasira ninayokuachieni, wanangu, muishike na adabu yake. Bila hiyo ningekuwa bado nimeinama kwenye jukwaa la mtu. Lakini ikishakusimamisheni, isiwe nyinyi tu mnaosema. Mgeukieni aliyeumizwa mumwulize, na akijibu kitu msichokipenda, kiandikeni hivyo hivyo.

Mchezo unakwenda Sur baada ya Idi. Jana baada ya alasiri nilimkuta Ruqaya jikoni na karatasi zake, na Mwanaisha anachambua mchele. Ruqaya alikuwa anamsomea. Yule mtumishi sasa ana jina, Mwanaisha kamchagulia mwenyewe: Zainabu. Mama wa bibi harusi anamwita kwa kelele toka sebuleni alete chai ya wageni, na Ruqaya alikuwa amemwandikia jibu refu la huzuni, lenye machozi na nchi ya mbali.

"Hapana," Mwanaisha akasema, hakuinua macho kwenye ungo. "Yeye hawezi kusema hivyo. Futa."

"Sasa aseme nini?"

Mwanaisha akatoa jiwe moja kwenye mchele, akalitupa.

"Andika: Leo Ijumaa, naongea na mwanangu. Chai jipikieni."